Nani Kaiua Koili?

Mlima Kitonga hauna huruma na gari lenye moto hafifu. Lori na gari dogo hutoka Ruaha Mbuyuni kwenye tambarare bila shida, dereva anapiga soga na abiria wake, kisha kona za kupanda kuelekea Iringa zinaanza. Mguu unakandamiza mafuta, na gari badala ya kuvuta linaanza kutikisika, linakata na kurudi, ekzosi inapiga chafya. Dereva akifika juu na kuegesha, injini inaunguruma kama vile hakuna kilichotokea. Akishuka mteremko, mambo ni shwari. Mlima mwingine ukija, ugonjwa unarudi.

Mafundi wa Dar es Salaam huliita tatizo hilo kwa neno moja: gari linamisi. Na katika gereji nyingi chini ya mwembe au kando ya barabara, hukumu hutoka kabla boneti haijafunguka vizuri: “Koili hiyo, bosi. Nenda Kariakoo.” Mwenye gari anakwenda Gerezani, kwenye maduka ya spea, ananunua, inafungwa. Pengine gari linapona. Pengine linapona kwa miezi miwili kisha koili mpya nayo inakufa. Pengine halibadiliki kabisa, na fundi anahamia kwenye plagi, kisha nozeli, kisha pampu ya mafuta, yote kwa fedha za mwenye gari. Hasara hiyo inaumiza zaidi kwa dereva wa teksi au wa gari la mtandaoni, ambaye siku ya gereji ni siku isiyo na mapato.

Hukumu ya koili mara nyingi ni ya kweli. Kinachokosekana ni uthibitisho, na baada ya uthibitisho, swali la pili ambalo halichukui hata nusu saa kulijibu: ni nini kilichoiua?

Ili kulijibu, inafaa kujua kazi inayofanywa na kifaa hicho. Koili ni transfoma ndogo. Ndani yake kuna kiini cha chuma kilichozungushiwa nyaya mbili za shaba, mmoja mnene kiasi wenye mizunguko mia chache, mwingine mwembamba mno wenye mizunguko maelfu mengi. Umeme wa betri, volti 12, unapita kwenye waya mnene na kujenga nguvu ya sumaku. Umeme huo ukikatwa ghafla, sumaku inaporomoka, na katika waya mwembamba inazaliwa volti 20,000, 30,000 au zaidi. Hiyo ndiyo inayoruka kwenye ncha ya plagi na kuwasha mchanganyiko wa hewa na petroli. Injini ya silinda nne inayozunguka mara 3,000 kwa dakika huhitaji cheche 100 kila sekunde. Katika magari ya zamani, koili moja ilizitoa zote.

Mlima unaingia hapa. Dereva anapokanyaga mafuta kwa nguvu, hewa nyingi huingia kwenye silinda na kubanwa, na kadiri shinikizo linavyokuwa kubwa ndivyo cheche inavyohitaji volti nyingi zaidi kuruka mwanya uleule. Gari likiwa limesimama, koili mgonjwa inaweza kutoa kinachotosha. Likipanda Kitonga, haiwezi. Tena umeme wa volti nyingi hautulii ukisubiri: kama maji ya mvua kwenye dari bovu, hutafuta upenyo. Ufa mdogo kwenye mpira wa koili, waya wa plagi uliochakaa, uchafu ndani ya kifuniko cha distributa, vyote huwa njia rahisi zaidi kuliko ncha ya plagi, na cheche inaishia kwenye chuma cha injini bila kuunguza chochote. Kwa hiyo fundi anayewasha gari likiwa limeegeshwa, akasikiliza kidogo na kusema “mbona zima,” hajapima kitu. Ugonjwa wa moto unapimwa gari likiwa limebebeshwa mzigo.

Mfumo wenyewe ni mkongwe. Charles Kettering, mhandisi wa Ohio, Marekani, alianzisha kampuni ya Delco pamoja na Edward Deeds mwaka 1909 mjini Dayton, na mfumo wao wa kuwasha kwa betri na koili ukaingia kwenye Cadillac za mwaka 1910. Muundo huo wa koili moja, kontakti zinazofunga na kufunguka, na distributa inayogawa moto kwa kila silinda uliendelea kutawala kwa zaidi ya miaka 60. Peugeot 404 na 504, Datsun, Land Rover na Volkswagen za mgongo wa kobe zilizozeeka katika barabara za Afrika Mashariki zote zilitembea kwa mpango huo. Magari hayo bado yapo, mengine shambani, mengine mikononi mwa watu wanaoyapenda, na koili zake ndizo rahisi kuliko zote kupima.

Kwenye gari la aina hiyo, koili ni kopo la chuma lenye nguzo mbili ndogo juu, chanya na hasi, na tundu la katikati la waya mnene unaokwenda kwenye distributa. Fundi makini haanzi na kopo. Anaanza na taa ya kupimia, ile balbu ndogo yenye nyaya mbili isiyogharimu chochote cha maana. Swichi ikiwa imefunguliwa, nguzo chanya lazima iwashe taa. Isipowaka, koili haina kosa. Umeme haujaifikia, na msako unahamia kwenye swichi, fyuzi na nyaya. Ikiwaka, taa inahamishiwa kwenye nguzo hasi na mtu mwingine anapiga starta. Taa ikiwaka na kuzima kwa mfululizo, kontakti au kifaa cha elektroniki kinachokata umeme kinafanya kazi yake. Ikibaki imewaka tu au imezima tu, tatizo liko kwenye ukataji, na koili mpya haitabadilisha lolote. Vipimo hivi viwili vinachukua dakika chache na vingeokoa koili nyingi zinazotupwa zikiwa hai.

Baada ya hapo ndipo inapokuja multimita. Nyaya zote za koili huondolewa, na upinzani kati ya nguzo chanya na hasi hupimwa kwa om. Koili ya kopo ya kawaida husoma om 3 hivi. Ile iliyotengenezwa kufanya kazi na kizuizi cha nje husoma karibu om 1.5. Kutoka nguzo mojawapo hadi tundu la katikati, namba huwa kati ya om 5,000 na 12,000 kwa koili nyingi. Corolla nyingi za miaka ya 1990 zenye injini ya 5A huficha koili ndani ya distributa yenyewe, na hizo huwa na om 1 hadi 2 upande wa waya mnene na om 9,000 hadi 16,000 hivi upande wa waya mwembamba. Kwa namba ndogo hivyo, ncha za multimita zenyewe zina upinzani wake. Fundi huzigusanisha kwanza, anasoma kinachotokea, na kukitoa kwenye jibu.

Lakini multimita inasema nusu ya ukweli. Ikionyesha waya umekatika, koili imekufa, mjadala umekwisha. Ikionyesha namba nzuri, bado koili inaweza kuwa mbovu, kwa sababu multimita inapima kwa volti chache wakati insulesheni iliyochoka inavuja volti zikifika maelfu. Tena inapimwa ikiwa baridi. Shaba huongeza upinzani kwa karibu asilimia 0.4 kwa kila digrii moja ya joto, kwa hiyo waya uliosoma om 1.5 asubuhi unakaribia om 1.9 ukifikia digrii 95 chini ya boneti. Hilo ni la kawaida. Lisilo la kawaida ni waya wenye ufa unaotanuka kwa joto na kuachana kabisa.

Ndiyo maana ugonjwa unaosumbua kuliko yote ni ule wa gari linalozima baada ya nusu saa ya safari, linakaa kando ya barabara, kisha linawaka lenyewe na kwenda kama kawaida. Madereva wa zamani walikuwa na dawa yake: kitambaa kibichi juu ya kopo la koili. Gari likikubali kuwaka mara baada ya koili kupozwa, mtuhumiwa amejulikana, ingawa kondensa na kifaa cha elektroniki vilivyo jirani nayo huenda vimepoa pamoja nayo. Tatizo ni kwamba gari la kabureta lililozidiwa na joto huweza pia kuzima kwa mvuke wa petroli kwenye mabomba, na lenyewe hupona likipoa. Dalili ni zilezile, dawa ni tofauti kabisa. Njia ya kuzitenganisha ni kupima moto papo hapo gari linapozima, kabla halijapoa. Kifaa cha kupimia cheche, chenye mwanya mkubwa na kibanio cha kushika chuma cha injini, ni kidogo na kinakaa kwenye kisanduku cha dashibodi. Cheche ya buluu yenye mlio mkali inaiacha koili huru. Cheche ya njano au ya rangi ya chungwa, nyembamba na isiyo na mlio, inaongeza shaka. Kusipokuwa na cheche kabisa wakati taa kwenye nguzo hasi inawaka na kuzima, kesi imekamilika.

Kushika waya wa plagi kwa mkono wazi na kuunyooshea chuma ni tabia iliyoenea, na ni tabia mbaya. Mifumo ya elektroniki ina nguvu ya kumrusha mtu, na mwenye kifaa cha kusaidia moyo kupiga asikaribie kabisa. Koili nayo inaumia: cheche ikikosa pa kuruka, volti hupanda hadi zitoboe insulesheni ya ndani. Wako mafundi waliokwenda kuipima koili nzima wakairudisha mbovu.

Mbinu moja ya zamani inayofaa magari yenye distributa na nyaya za plagi ni ya giza. Boneti linafunguliwa usiku mahali pasipo na taa, injini ikiunguruma, na maji yananyunyizwa kwa chupa ya ukungu, kidogo kidogo, kuzunguka koili, nyaya za plagi na kifuniko cha distributa. Moto unaovuja huonekana kwa macho, vijicheche vya buluu vikitambaa juu ya mpira au plastiki. Ikifunguliwa mchana, sehemu hiyo huwa na mstari mwembamba mweusi wa kaboni, na kifuniko chenye mstari huo hakioshwi, kinabadilishwa. Nyaya za plagi hupimwa pia. Toyota huruhusu hadi om 25,000 kwa kila waya katika injini zake za distributa, na unaozidi hapo unastaafishwa hata kama unaonekana mpya.

Magari yaliyojaa mitaani leo ni ya kizazi kingine. Toyota IST ya kuanzia mwaka 2002, Probox, Raum, Vitz na Corolla zenye injini ya 1NZ hazina distributa wala waya mrefu wa plagi. Kila silinda ina koili yake, imekaa juu ya plagi kwenye shimo refu, imefungwa kwa bolti moja. Zimezeeka sasa, IST ya toleo la kwanza ina karibu miaka 20 au zaidi. Kati ya nyaya nne zinazoingia kwenye kila koili, moja huleta umeme, moja ni ethi, moja huleta amri kutoka kontroli boksi, yaani kompyuta ya gari, na ya nne hurudisha taarifa kwamba amri imetekelezwa. Kifaa kinachokata umeme kimo ndani ya koili yenyewe, kwa hiyo kuipima kwa om hakuna maana. Fundi anayeweka multimita juu ya koili ya IST na kutangaza kuwa ni mbovu anabahatisha.

Hapa mashine ya kusoma kompyuta ya gari inasaidia, ila lazima isomwe kwa akili. Msimbo P0302 unasema silinda ya pili inamisi, na unaishia hapo. Haujasema koili. Plagi, nozeli, au vali isiyoziba vizuri vyote huleta msimbo huohuo. P0352 unazungumzia saketi ya koili ya silinda ya pili: kompyuta imetuma amri na haikupata jibu, hivyo koili, soketi au nyaya zake zichunguzwe. Wengi wanateleza kwenye upande wa pili wa jambo hili. Jibu linalorudi kwa kompyuta linahusu umeme wa waya mnene tu. Insulesheni ya waya mwembamba ikipasuka na cheche ikaishia kwenye chuma, kompyuta inaendelea kupata jibu zuri, na P0352 hautatokea kamwe ijapokuwa koili ni mbovu waziwazi.

Kwa bahati nzuri koili nne za 1NZ zinafanana, na hilo linatoa kipimo bora ambacho hakihitaji kifaa chochote zaidi ya spana ya namba 10. Kwanza silinda zinahesabiwa kutoka upande wa cheni ya injini; ya kwanza ndiyo iliyo karibu na cheni. Injini ikiwa imezimwa, koili ya silinda ya pili inabadilishana nafasi na ya tatu, misimbo inafutwa, na gari linapelekwa mlimani au barabara ya kasi. Msimbo ukirudi ukiwa P0303, tatizo limehama na koili, na hukumu ni halali. Ukibaki P0302, koili haina hatia. Zamu inayofuata ni ya plagi kuhamishwa kwa namna hiyo hiyo, kisha nozeli, kisha kupima mgandamizo wa silinda. Hakuna kilichonunuliwa mpaka hapo.

Sasa swali la muuaji. Koili ya IST ikivutwa kutoka kwenye shimo lake, itazamwe kabla haijatupwa. Mpira wake ukiwa umelowa oili, umevimba na kulainika, mkosaji ni gasketi ya kifuniko cha juu cha injini, ambayo ina midomo inayoziba mashimo ya plagi. Oili ikidondoka humo kwa miezi, mpira unapoteza uwezo wa kuzuia umeme. Koili mpya ikitumbukizwa kwenye shimo lenye oili itakwenda njia ile ile. Plagi nayo ipimwe mwanya; injini hii inataka milimita 1.1 hivi, na plagi iliyotumika kupita muda wake huwa imekwisha ncha na mwanya umepanuka. Kila sehemu ya milimita inayoongezeka inaitaka koili itoe volti zaidi, siku nzima, mamia ya maelfu ya cheche. Koili iliyouawa na plagi chakavu ni ya kawaida sana, na plagi ni rahisi kuliko koili. Maji ya kuoshea injini kwa presha, yakiingia kwenye mashimo hayo na kukaa, yana sehemu yake pia.

Kwenye magari yenye koili ya kopo wauaji ni wengine. Aliyefunga pamoja koili ya om 1.5 na mfumo usio na kizuizi amepitisha karibu ampia 9 mahali palipotarajia chini ya 5, na kontakti na koili vyote vinaungua. Dereva anayeacha swichi wazi injini ikiwa imezima ili asikilize redio naye anaipika koili polepole, kwa sababu kontakti zikisimama zikiwa zimefungana, umeme unapita bila kukatwa. Ethi iliyolegea, alteneta inayochaji kupita kiasi, kopo lililofungwa limegusa bomba la moto: yote haya yanaonekana kwa mtu anayetazama.

Kuna koili zinazokufa kwa kosa la kiwandani, na haipaswi kufichwa. Mwaka 2003 Volkswagen iliwabadilishia koili wenye magari nchini Marekani, magari ya mwaka 2001 hadi 2003 yaliyofikia laki kadhaa, kwa sababu zilikuwa zinakufa mapema mno. Kwa gari la miaka 20, hata hivyo, kiwanda kimeshatoka kwenye orodha ya watuhumiwa.

Kuhusu spea, mnunuzi wa Gerezani, wa Kirinyaga Road jijini Nairobi au wa soko la Kisekka mjini Kampala anakutana na meza ileile: mpya ya kampuni kwa bei ya juu, mpya yenye maandishi yanayofanana kwa bei ya chini, na iliyotumika iliyotoka na injini ya Japani. Iliyotumika ya kampuni, yenye mpira mgumu usio na nyufa na soketi isiyovunjika kibanio, mara nyingi ni bora kuliko mpya ya kuigiza. Ya kuigiza huonekana kwa maandishi yanayokwanguka, plastiki yenye mikwaruzo ya ukungu wake, na soketi inayoingia kwa kulazimishwa. Muuzaji mwaminifu hukubali irudishwe ikishindwa, na makubaliano hayo yafanywe kabla ya fedha kutoka mfukoni. Kubadilisha zote nne kwa pamoja ni busara kama zote ni za umri mmoja na mfuko unaruhusu, lakini fundi anayesema ni lazima hana ushahidi wa kumlazimisha mtu.

Kuchelewa nako kuna gharama yake. Silinda inayomisi humwaga petroli isiyoungua kwenye ekzosi, na petroli hiyo inaungulia ndani ya masega ya kusafisha moshi mpaka yanayeyuka. Taa ya cheki injini ikipepesa badala ya kuwaka tu, gari linamwambia dereva apunguze mafuta sasa hivi. Petroli hiyo pia huosha oili kwenye kuta za silinda na kuchanganyika na oili ya chini. Safari ya Dar hadi Mbeya kwa silinda tatu inawezekana, na wengi wameimaliza, ila gharama yake inaweza kuzidi bei ya koili mara nyingi.

Koili mpya ikishafungwa, shimo la plagi likiwa kavu na gasketi imeshughulikiwa, soketi inasukumwa hadi isikike ikibana, na nyaya za nyuma yake zinatikiswa kwa kidole injini ikiunguruma kuona kama ina mabadiliko. Nyaya ngumu za gari la zamani hukatika ndani ya mpira wake pasipoonekana. Misimbo inafutwa. Kisha gari linapandishwa mlima likiwa na abiria, gia ya juu, mguu ukiwa chini, na mashine ya kusoma inaunganishwa tena kuangalia kama silinda ya pili imehesabu tukio lolote jipya.